Kondoo wa Makaa ya Mawe

Mwaka juzi, mwezi wa nne ukiwa umefika katikati bila mvua ya maana, majirani zangu walikubaliana kwamba mvua nimeifunga mimi. Nasema "majirani zangu" kwa adabu. Siku zile niliwaita vingine, lakini kimoyomoyo na kwa Kichaga, maana nusu yao ni wateja.

Kazi yangu ni tofali za kuchoma. Kiwanja changu kiko juu kidogo ya mji wa Karatu, kwenye mteremko wa udongo mwekundu ambao ukizidi kuupanda unakutana na msitu wa Ngorongoro na walinzi wake. Wakati huo nilikuwa na tofali mbichi elfu kumi na mbili mia nne na arobaini. Nilipozihesabu mara ya pili zikawa elfu kumi na mbili mia nne na kumi, kwa sababu kati ya hesabu mbili hizo mbuzi wa mtu walikuwa wamepata mahali pazuri pa kulala. Zilikuwa zimekauka, nimezifunika kwa majani na nailoni, zinasubiri kupangwa tanuri na kuchomwa. Asiyejua kazi hii aelewe jambo moja tu: tofali mbichi ni udongo uliopewa umbo kwa muda. Mvua ya saa moja ikiikuta, inarudi ilikotoka, na wewe unabaki na kibao cha kufyatulia mkononi.

Kwa hiyo mvua sikuitamani. Wala sikulificha hilo, na hapo ndipo nilipojiharibia. Ng'ambo ya uzio wangu wa minyaa anaishi bibi mmoja, Mwiraqw mwenyeji wa hapa, mjane, mwenye ekari tatu na ulimi wa kutosha ekari kumi. Alikuwa amepanda mahindi na maharage ya ngwara kwenye udongo mkavu, kama wengi walivyofanya, kwa kuamini kwamba masika yatakuja tarehe zake zilezile. Kila asubuhi yeye alitoka akatazama juu, na mimi nilitoka nikatazama juu, kila mtu upande wake wa uzio, tukimwomba Mungu mmoja vitu viwili visivyopatana.

"Leo unaionaje?" akaniuliza asubuhi moja.

"Safi kabisa, bibi. Hata kiwingu hakuna."

"Safi?"

"Nimeteleza ulimi."

"Hujateleza. Umetoa kilichomo."

Kwamba watu wa tofali hufunga mvua si habari mpya. Nimeisikia kila nilipopita penye tanuri: eti tunafukia chungu kilichofunikwa, eti yai, eti chura aliyeshonwa mdomo. Nimekaa Karatu miaka kumi na tisa, na miaka hiyo yote nilicheka pamoja nao. Kwenye harusi mimi ni jirani. Kukiwa na ugomvi mimi ni mtu wa Kilimanjaro. Mvua ikichelewa mimi ni mtu wa tofali. Nilishazoea. Ila mwaka ule nilikuwa nimewaletea ushahidi mwenyewe, kwa lori, gunia kwa gunia: mawe meusi yanayowaka moto.

Zamani nilichoma kwa kuni kama kila mtu. Kuni za msituni zikawa kesi. Nikahamia mikaratusi ya kununua, na wenye mikaratusi walipong'amua kwamba sina pengine pa kwenda, kila mti ukawa unaposwa kama binti. Halafu akaja msimamizi wa loji moja iliyokuwa inajengwa upande wa barabara ya kwenda geti la Ngorongoro. Alitaka tofali elfu kumi, na sharti lake lilikuwa kwamba zisiwe zimekata mti hata mmoja, kwa sababu loji yao ni rafiki wa mazingira na wageni wataandikiwa hivyo ukutani.

"Sasa nichome kwa nini, kwa sala?" nikamuuliza.

"Mama, wewe ni mfanyabiashara. Utajua."

Nilijua. Malori yanayopeleka vitunguu vya Mang'ola mikoa ya kusini hurudi matupu, na dereva anayerudi mtupu ni mtu unayeweza kuongea naye. Kule kusini wanachimba makaa ya mawe. Nilimpata dereva mmoja wa Fuso akinywa chai stendi. Alianza na bei ya kunifukuza, nikanyanyuka, akaniita, nikarudi bila kukaa, na kufikia kikombe chake cha pili tulikuwa tumeelewana magunia arobaini. Yalipofika nilihesabu arobaini. Nikahesabu tena kwa kuyafungua midomo: thelathini na tisa, na moja la mchanga. Alilibadilisha bila ubishi, jambo lililonionyesha kwamba mimi sikuwa wa kwanza.

Niliona nimewashinda wote. Mti haukatwi, loji imeridhika, walinzi wa msitu wananisalimia. Makaa unayaponda, unayatandaza kati ya safu na safu ya tofali, chini unaweka magunzi na vijiti vya kuwashia, na moto unapanda wenyewe kutoka ndani. Nilijaribu kwanza tanuri dogo la tofali elfu mbili. Ziliiva zikawa nyekundu, na ukizigonga zinalia kama kengele. Tatizo lilikuwa moshi. Ulikuwa mzito, wa manjanomanjano, wenye harufu ya kiberiti na yai viza, ukashuka bondeni ukakaa siku nne. Nguo zilizoanikwa zikanuka. Ibada ya Jumapili ikanuka. Bibi akaniambia ng'ombe wake amegoma kukamuliwa, na kwamba yeye yuko upande wa ng'ombe.

Ikapita wiki, zikapita tatu, mvua haikuja. Ilidondoka rasharasha moja tu, ya kuwadanganya mahindi: yakachungulia, yakajuta, yakaanza kujikunja. Mwanzoni ilikuwa utani. Nikipita sokoni mtu anapaza sauti, "Mama Tofali, fungua basi hata kidogo!" nami namjibu, "Leta ndoo yako." Baadaye utani ukawa hauna kicheko mwishoni. Mtu alichukua bonge moja la makaa kwangu bila kuniaga, likazungushwa mkono kwa mkono kijiwe hadi kijiwe. Zito kama jiwe, linawaka kama mkaa. Kitu cha namna hiyo, wakasema, kinaweza kufanya chochote.

Mwishowe nikaletewa taarifa: Jumapili baada ya ibada watu watakaa kikao kiwanjani kwangu, na kabla ya kikao tanuri kubwa lisiwashwe. Sikulala vizuri. Wakinizuia kuwasha, na mvua ikija nikiwa nimezuiwa, tofali zote zinarudi kuwa shamba. Loji ingetafuta mtu mwingine, na mimi ningeanza upya na ndoo ya maji na udongo, kama siku ya kwanza.

Nikaamua kutafuta mtetezi mwenye elimu. Nyuma ya kiwanja changu alikuwa amepanga kijana mtu mzima, dereva wa watalii, ambaye kazi yake ni kushusha wageni kreta ya Ngorongoro na kuwaeleza kila kinachotambaa. Msimu wa masika wageni ni wachache, kwa hiyo nilimkuta amelala chini ya gari lake akijifanya anatengeneza.

"Nataka Jumapili useme mbele ya watu kwamba moshi wa makaa ya mawe haufungi mvua."

Akatoka chini ya gari, akakuna kidevu. Mtu akikuna kidevu kabla ya kukutetea, ujue wakili huna.

"Moshi wenyewe, haufungi," akasema.

"Vizuri. Sema hivyo, ukae."

"Ila kuna kitu kingine kinatoka pamoja na moshi."

"Hicho usikiseme."

"Mama, nisikilize kwanza. Makaa ya mawe ni misitu. Ya zamani sana, kabla hata mtu hajakuwepo. Ilianguka kwenye tope, ikafukiwa, ikakandamizwa mpaka ikawa jiwe. Ukaa wote ambao miti ile iliuvuta kutoka hewani ilikwenda nao chini. Wewe ukichoma, unaurudisha juu. Inaitwa hewa ukaa. Huioni na hainuki."

"Kinachonuka ni nini basi?"

"Salfa, na masizi. Hayo yanakera lakini hayakai sana angani, yanashuka. Hiyo usiyoiona ndiyo inayokaa. Vitukuu wako wataikuta."

Yaani majirani walikuwa wamenikamata kwa kitu kisichokuwa chenyewe. Kilichowaudhi kilikuwa kinashuka na kuisha, na kilichokuwa na madhara makubwa wasingekijua hata wangekivuta puani mwaka mzima.

"Na huko juu inafanya nini?"

Akanionyesha tofali zangu. "Ukizifunika kwa nailoni mchana wa jua kali, ndani kunakuwaje?"

"Kunachemka. Zinatoa jasho. Ukisahau kufunua, zinapasuka."

"Basi. Si sawasawa kabisa, lakini inakaribia. Mwanga wa jua unaingia, joto linapotaka kutoka linazuiwa. Hewa ukaa na wenzake ndiyo nailoni ya dunia, ndiyo maana wanaziita gesi joto. Anayechoma mafuta anaongeza unene wa nailoni. Anayechoma makaa ya mawe anaongeza zaidi, maana kwa moto wa kiasi kilekile yanatoa hewa ukaa nyingi kuliko mafuta, kuliko gesi."

"Na mvua?"

"Dunia ikizidi joto, mvua inapoteza ratiba. Mwaka mmoja inakosekana, mwaka mwingine inamwagwa yote mara moja. Lakini siwezi kusema mvua hii, ya mtaa huu, umeizuia wewe. Hakuna anayeweza kusema hivyo. Inajumlishwa ya dunia nzima, haiulizi imetoka tanuri la nani."

"Na nilipochoma kuni? Haikutoka?"

"Ilitoka. Ila ukipanda mti mwingine, unakua unaivuta tena. Huo msitu wa chini ya ardhi hauoti tena, mama."

Nilikaa juu ya tairi lake la akiba. Miezi miwili mizima nilikuwa nimejisifu kwamba nimeuacha msitu wa Ngorongoro salama. Kumbe nilikuwa nimekwenda kuchoma msitu mwingine, mkubwa kuliko ule, usio na mlinzi wala geti.

"Na hili gari lako?" nikamuuliza.

"Dizeli," akakiri.

"Sizoni unashuka kreta mara ngapi kwa wiki?"

"Nne. Tano."

"Nne au tano?"

"Tano."

"Na hao wageni wanakuja kwa miguu?"

"Mama, si ulikuja kuniomba nikutetee?"

"Nimebadili mawazo. Jumapili kaa nyumbani."

Hakukaa. Walikuja watu thelathini na mmoja. Nilipohesabu tena kwa ajili ya viti nikapata thelathini na wanne, kwa sababu watatu walikuwa wameshakaa juu ya tofali zangu mbichi. Aliyeongoza kikao alikuwa mzee yuleyule aliyetupitishia kapu la sadaka asubuhi. Kanisani alikuwa na koti, kwangu alikuja na fimbo. Bibi ndiye aliyeleta malalamiko. Aliongea kwa kifupi na bila chuki, na hilo liliniudhi zaidi.

"Sina ugomvi na huyu. Ana mikono ya kazi. Lakini analeta jiwe, analiwasha moto, moshi unakwenda juu, mvua inarudi ilikotoka. Mahindi yangu yanajikunja. Mimi sina zaidi."

Nikasimama. Hapo nilifanya kile anachofanya mtu aliyeelimishwa juzi: niliwamwagia yote. Misitu iliyofukiwa, hewa isiyonuka, nailoni ya dunia. Nikawaambia ziko nchi zenye mitambo ya umeme inayolishwa makaa ya mawe kwa treni, treni ndefu kuliko kutoka hapa mpaka stendi, na walianza babu yangu hajazaliwa. Mimi nina magunia arobaini.

"Hatia hii tukiigawanya sawasawa," nikasema, "yangu haijai kijiko cha chai."

"Hao wa treni wako wapi?" akauliza bibi.

"Mbali. Ng'ambo huko."

"Wanaweza kufika Jumapili ijayo?"

Watu wakacheka. "Hawawezi, bibi."

"Basi tunaanza na aliyepo."

Mzee akagonga fimbo chini. "Kwa hiyo wewe mwenyewe unasema jiwe hili linaharibu mvua?"

"Kwa ujumla, ndiyo."

"Kwa ujumla ndiyo nini?"

Dereva wa watalii akainua mkono. "Mzee, ana maana kwamba..."

"Wewe kaa," tukamwambia, mimi na mzee, kwa pamoja.

Mzee akatazamana na wenzake wawili, wakanong'ona kwa Kiiraqw, halafu akasema kwa upole, kama mtu anayekukaribisha chai: "Mtamba mmoja. Na moto usiwashwe mpaka mvua inyeshe."

Hapa lazima niseme ugonjwa wangu. Mtu akinitajia kitu, mdomo wangu hupunguza kabla kichwa hakijafika. Nimewahi kumwomba daktari anipunguzie sindano.

"Mtamba!" nikasema. "Kwa magunia arobaini? Kondoo. Tena mmoja, tena si mkubwa."

Nikadhani nimewabana. Bibi akashusha pumzi ndefu, mzee akatabasamu, na dereva wa watalii akafumba macho kama mtu aliyeona gari linaingia mtaroni. Halafu watu wakaanza kupiga makofi. Wakaja mmojammoja kunipa mkono, kwa furaha ya kweli, wengine wakinipigapiga mgongoni.

"Kuna nini?" nikamuuliza dereva.

"Mama, kwa watu hawa mshtakiwa hataji mnyama ila amekubali kosa. Walitaja mtamba wakusikie utasema nini. Ungesema sikubali, au ungenyamaza tu, kikao kingeahirishwa, mara moja, mara mbili, mpaka kifie njiani. Ukitaja mnyama wako, umesema ni mimi."

"Lakini nilikuwa napunguza!"

"Ndiyo. Umepunguza vizuri."

Nikanyoosha mkono niseme sikumaanisha hivyo. Mzee akaudaka mkono wenyewe, akanishukuru kwa moyo wangu mweupe. Miaka kumi na tisa! Nimechangia misiba yao, nimekunywa pombe yao, nimewauzia tofali za vyoo, na hakuna hata mmoja aliyeona kwamba hilo ni jambo la kumwambia mtu wa kuja. Kwetu ukitajiwa bei ukanyamaza, ndiyo umekubali. Kwao ukijibu kwa bei yako, ndiyo umekubali. Nani angelijua hilo bila kuumizwa nalo kwanza?

Sikukaa. Kondoo alishanitoka, lakini tanuri lilikuwa bado.

"Kondoo nimetoa," nikasema. "Sasa hili la moto mpaka mvua inyeshe. Mvua ikishanyesha nitachoma nini, uji?"

"Tulisema moto," mzee akajibu.

"Jamani, hizi ni tofali za watu!"

Ndipo bibi akaingilia, tena bila kunitazama. "Mimi ndiye mlalamikaji. Nililalamikia jiwe. Moto wa kuni wamechoma hapa miaka yote na mvua ilikuwa inakuja."

"Kuni za wapi, bibi?" nikamwambia. "Loji hawataki mti ukatwe."

"Nani kakuambia mti? Kwenye mashamba ya kahawa huko juu maganda yanarundikwa mpaka yanaoza. Na sisi tuna magunzi ya mwaka jana. Choma takataka. Jiwe liondoke."

Wakakubaliana hivyo. Mpaka leo sijajua kama alinisaidia au aliniongezea adhabu, maana tanuri la maganda si tanuri la makaa: maganda yanawaka kwa pupa na kuisha, yanataka mtu wa kuyalisha kila dakika, na hakuna anayekuhakikishia kwamba katikati patafika joto linalotakiwa. Lakini ilikuwa hivyo au nikae nisubiri mvua na tofali mbichi.

Kondoo akachinjwa Jumanne. Nyama ikaliwa, maombi ya kimila yakafanywa, na ya kanisani yakafanywa juu yake, ili pasiachwe nafasi. Tukatazama juu. Jumatano hakuna. Alhamisi hakuna. Ijumaa nikasikia maneno yanapita kwenye uzio.

"Kondoo alikuwa mdogo."

"Si alipunguzwa."

Makaa nayo yakaniumiza kivyake. Nilimpigia yule dereva wa Fuso nikamwambia ayarudishe alikoyatoa.

"Niyarudishe shimoni?" akaniuliza, akacheka mpaka simu ikakatika. Alipokuja aliyanunua kwa bei ya kunidhalilisha, na wiki hiyohiyo nikasikia ameyauza kwa mchoma tofali wa wilaya ya jirani. Nikamfuata dereva wa watalii.

"Hewa ya kule inahesabiwa tofauti na ya kwetu?"

"Hapana, mama. Ni ileile, inachanganyika."

Kwa hiyo kondoo wangu ameliwa, makaa yangu yamechomwa, na anga haikupona hata gunia moja. Nilitamani kuitisha kikao mimi mwenyewe, lakini sikujua nimlalamikie nani, na kila niliyemfikiria hakuwa mtu wa kufika Jumapili.

Tulipanga tanuri. Nilishusha magunia mia moja na kumi ya maganda ya kahawa, mepesi kama kejeli, vumbi lake likiingia mpaka kwenye chai. Majirani wakaleta magunzi kwenye vikapu, kila mtu kwa kiasi alichobakiwa nacho mwaka ule mbaya, na mengine yalikuwa yametolewa kwenye chakula cha ng'ombe. Niliona, nikayapokea. Bibi alikuja asubuhi ya kwanza, akakunja kanga, akaanza kukandika ubavu wa tanuri kwa tope lililochanganywa na samadi, bila kuombwa.

"Hapa unavuja moto," akasema.

"Nimeona."

"Umeona, lakini umesimama."

Siku sita tulililisha kwa zamu. Siku ya tatu mawingu yakajikusanya juu ya ukingo wa kreta, meusi na mazito, na kwa mara ya kwanza mwaka ule mimi na bibi tulitazama juu tukiwa upande mmoja wa uzio. Nilitaka kumuuliza anaomba nini. Mahindi yake yalikuwa yamebaki ya kuhesabika, na tanuri langu lilikuwa halijafika nusu. Alibeba gunia la maganda akalimwaga mdomoni mwa tanuri. Mawingu yakakaa mchana kutwa, yakaenda zake nyikani upande wa Piyaya au kwingineko yanakojua yenyewe.

Lilipopoa tukalifungua. Tofali elfu nane na mia mbili zilikuwa nyekundu, nzima. Nilihesabu mara mbili na hesabu zote zikapatana, jambo la nadra. Nyingine kama elfu nne, za pembeni na za juu, zilitoka rangi ya chai ya maziwa, hazijaiva. Loji walitaka elfu kumi. Nikalazimika kujazia na zile elfu mbili za mwanzo, za makaa, na nikaamua sitadanganya.

Msimamizi alizipitia kwa macho, akazigonga, akasimama kwenye zile za mwanzo.

"Hizi ndizo zenyewe! Hizi ni za ukuta wa mapokezi."

"Hizo zimechomwa kwa makaa ya mawe," nikamwambia. Nikamweleza. Msitu wa zamani, hewa isiyoonekana, nailoni, kila kitu. Alinisikiliza akiangalia simu.

"Lakini mti hamkukata?"

"Hatukukata."

"Basi, mama, unahangaika nini?"

Nikazipakia. Sijawahi kuingia loji ile, ila wananiambia yale maandishi ya urafiki na mazingira yamekaa vizuri pale mapokezi.

Mvua ilikuja mwezi wa tano, kila mtu akiwa ameshaacha kuitaja. Haikuja kama mvua ya watu. Siku tatu, usiku na mchana, yote kwa pamoja, kana kwamba mtu amekata kamba. Bibi alikuwa amerudishia mbegu kwenye ekari ya chini. Maji yakashuka mteremkoni yakabeba mbegu na udongo wake wa juu, yakachimba korongo katikati ya shamba ambalo mtu anaweza kusimama ndani na asionekane mabega. Asubuhi ya nne alinikuta uzioni.

"Ndiyo umeifungua hivi?"

"Bibi, mimi sikuifunga."

"Ulitoa kondoo."

Nikaingia ndani kwa hasira, nikatoka tena. Korongo lile likiachwa mwaka mmoja zaidi lingekula ekari nzima, na baada ya hapo lingekula uzio na kiwanja changu. Nikachukua toroli. Nikaanza kupeleka zile tofali ambazo hazikuiva, safari moja baada ya nyingine, nikizimwaga kichwani mwa korongo, naye akazipanga kuvuka njia ya maji, akikandamiza kwa mawe na matawi. Kila toroli nililoleta lilikuwa na kasoro yake.

"Umeleta zilizovunjika."

"Zimevunjika njiani, bibi. Njia ni yako."

Akachukua moja akaigonga kwa kucha, ikatoa sauti ya kibuyu.

"Hii haijaiva."

"Ingeiva ningeiuza."

"Itayeyuka."

"Itashika mpaka masika yajayo."

"Masika yajayo lini?" akauliza, akaiweka, akanyoosha mkono nimpe nyingine.